Msekwoya hauoti popote

Mliosikiliza kipindi chetu cha mwisho mnajua kilivyoisha. Mwenzangu alikuwa amepewa zawadi ya kuhitimu chuo, kiboksi chenye mbegu za redwood, ile miti mikubwa ya California, pamoja na udongo wa kuloweka na karatasi ya maelekezo. Akasoma maneno ya kwenye kifuniko, kwamba mti huu unaota popote duniani, halafu akasema: "Kama sisi tu. Sisi pia tunaota popote." Muziki ukaingia, kipindi kikaisha. Meseji zikamiminika. Mioyo, mioyo, mioyo.

Mimi nilikuwa nimekaa palepale, nikanyamaza, na mpaka leo najuta kunyamaza. Siyo kwamba siipendi miti hiyo. Naishi Fresno, mbegu hizo nimeziotesha kwa mikono yangu, na kuna mche mmoja uliobaki ambao mimi na mama yangu bado hatujaelewana juu yake. Kwa hiyo naandika, maana kwenye maikrofoni huwa sifiki mwisho wa sentensi bila kukatizwa.

Kwanza jina. Redwood za California ni za aina mbili. Kuna ya pwani, ndefu kuliko mti wowote duniani; mmoja wao, unaoitwa Hyperion, umepita mita 115. Na kuna ya milimani, kule Sierra Nevada, ambayo haifiki urefu huo lakini ni nene kupita kiasi. General Sherman, ule maarufu, una karibu mita 84 na unakadiriwa kuwa na miaka 2,200. Nitaiita yote misekwoya, na nikisema msekwoya tu, nina maana ya ule wa milimani, kwa sababu ndio niliouotesha.

Sasa angalieni ramani. Fresno iko bondeni, kama mita 100 tu juu ya usawa wa bahari. Tunapata mvua ya milimita 280 hivi kwa mwaka, na karibu yote inanyesha kati ya Novemba na Aprili. Ikifika Juni ni kama mtu amefunga bomba. Ukiendesha gari saa moja na nusu kuelekea mashariki unapanda mpaka Grant Grove, karibu mita 2,000, na hapo misekwoya imesimama kama imeanza leo. Kule zinaanguka zaidi ya milimita 1,000 kwa mwaka, nyingi zikiwa theluji, na theluji ile haikimbii. Inayeyuka polepole, inazama ardhini, na mti unaendelea kunywa mpaka katikati ya kiangazi. Kwa gari ni saa moja na nusu. Kwa mti ni nchi nyingine kabisa.

Na ule wa pwani nao una siri yake. Kule kiangazi ndicho chenye ukungu. Bahari baridi inautuma kila asubuhi, matawi yanaunasa, matone yanaanguka chini. Utafiti uliofanywa kwenye misitu ya kaskazini mwa California ulikuta kwamba karibu theluthi moja ya maji ya mwaka mzima yalikuwa yametokana na ukungu. Sisi Fresno ukungu tunao, tena mzito wa kuzuia kuona taa za gari la mbele. Lakini unakuja Desemba. Julai, mti ukiwa na kiu, hakuna kitu.

Nayajua haya kwa sababu nyumba tuliyonunua mwaka 2009 ilikuwa na misekwoya mitatu ya pwani mbele yake, imepandwa na mwenye nyumba wa zamani. Bondeni huku utaikuta mingi hivyo, watu waliipanda enzi ambazo maji hayakuwa mada ya mazungumzo. Mama alipoiona aliacha kusikiliza habari za vyumba na jiko. Aliweka benchi chini ya ule wa katikati, na benchi lile likawa sebule yake. Alimenyea viazi pale, alipokelea simu za Tanga pale, alinisutia pale.

Halafu ukaja ukame wa 2012 hadi 2016. Mwaka 2015 gavana aliamuru miji ya jimbo zima ipunguze matumizi ya maji kwa asilimia 25. Kwetu ilikuwa na maana ya siku za kumwagilia kuhesabiwa, na jirani kukutazama ukishika mpira wa maji siku isiyo yako. Vilele vya miti yetu vilianza kuwa vya kahawia. Juu kabisa, mahali ambapo mpira wa maji haufiki. Baba alisema itapona. Miwili tuliikata 2017, tukalipa dola 1,900. Ule wa katikati, wa benchi, ulivumilia mpaka ukame uliofuata, ukakatwa 2022. Siku ile mama hakutoka nje. Kisiki bado kipo.

Basi mnaelewa kwa nini neno "popote" linaniwasha.

Mbegu nilizinunua mwaka uleule, za msekwoya wa milimani. (Kuokota koni ndani ya hifadhi ya taifa hairuhusiwi, msijaribu.) Mbegu yenyewe inachekesha. Ukiimimina mkononi utadhani ni pumba, kijisahani chembamba cha rangi ya kahawia chenye mabawa pembeni, milimita nne au tano tu. Kilo moja ina mbegu kama laki mbili. Koni yake inaweza kukaa juu ya mti miaka 20, ya kijani, imefunga mdomo, inasubiri. Kindi wanazitafuna, na kuna mbawakawa mdogo anayezitoboa, lakini mwenye kazi kubwa ni moto. Moto ukipita chini, joto linapanda, koni zinakauka na kufunguka, mbegu zinamwagika juu ya majivu na udongo mtupu, mahali penye jua. Mche wa msekwoya haupendi kuota kwenye zulia la majani makavu. Unataka udongo wazi.

Mimi sikuwa na moto, nilikuwa na friji. Unaziloweka usiku mmoja, unazifunga kwenye karatasi mbichi, unazitia kwenye mfuko, unazificha kwenye friji wiki nne mpaka nane ili zidhani baridi ya milimani imepita. Zangu zilikaa wiki sita nyuma ya bamia. Baba alizikuta, akauliza kwa sauti ya chini kama kuna mtu anaumwa.

Siku nilipozitoa na kuzitawanya kwenye trei, mama alipita jikoni akasimama. "Unaatika nini hapo?"

Neno hilo sikulijua. Kuatika ni kupanda mbegu mahali pa muda, kwenye kitalu, ili baadaye uuhamishe mche. Mama yangu ni Msambaa wa Lushoto, na kabla hajaolewa, miaka ya themanini, alifanya kibarua kwenye kitalu cha miti. Wakati ule milimani Usambara watu walikuwa wanapanda miti ili udongo usiendelee kuteremka na mvua. Miaka yangu yote ya kuishi naye sikuwahi kulisikia jambo hilo. Nilijua alikuwa anasafisha vyumba vya hoteli hapa Marekani, nilijua alifika darasa la saba, nikadhani nimemaliza. Kumbe kuna msamiati mzima alikuwa nao mkononi na hakuwa na mtu wa kumwambia.

Nilitia mbegu 60. Zikaota 17. Wengi wanaosema wameshindwa huishia hapo, wanadhani wana mkono mbaya. Hapana jamani. Mbegu nyingi za miti hii, hasa ya pwani, ni maganda matupu, hazina kitu ndani. Mti unaoishi miaka elfu mbili hauna haraka ya kila mbegu kufanikiwa.

Wiki ya tatu miche minane ilikufa kwa siku nne. Shina linakuwa jembamba pale linapotokea kwenye udongo, kama limebanwa na uzi, halafu mche unalala na hauamki. Nikadhani ni kiu, nikaongeza maji. Mama akainua kifuniko cha plastiki, akanusa. "Kinyausi hiki. Umeinywesha kama bata, na hewa hakuna." Kinyausi ni ugonjwa wa ukungu unaoua miche michanga kwenye unyevu uliosimama. Yaani kwenye mji mkavu kuliko yote niliyowahi kuishi, nusu ya miche yangu iliuawa na majimaji. Dawa ilikuwa kuondoa kifuniko, kumwaga mchanga mkavu kidogo juu, kutia maji kwa chini ili udongo uyavute wenyewe, na kuachana na udongo wa bustanini, ambao unakuja na wageni wake.

Ikabaki tisa. Tukaihamishia kwenye viriba, au tuseme tulichopata badala ya viriba. Kiriba ni kile kifuko cheusi cha plastiki cha kukuzia mche. Mama alivitafuta madukani hapa, akakosa vya urefu anaoutaka, akakata maboksi ya maziwa. Marefu, ili mzizi ushuke bila kujikunja. Juu akajenga kichanja cha kivuli kwa vijiti vya fagio na shuka la zamani. Siku moja, miche ikiwa imeanza kutoa majani yake halisi, yale ya magamba magamba, alikata kijiti kidogo, akakisugua, akanusa. "Mwangati huu."

Nikamwambia mama, siyo, huu ni wa California. Usiku nikaenda kuangalia. Mwangati wa Lushoto ni mreteni, na mireteni, misaipresi na misekwoya yote ni ya familia moja ya mimea. Pua yake ilikuwa sahihi. Nilirudi kumwambia akiwa amelala, nikamwamsha.

Kama ningeishia hapa, mwenzangu angekuwa na haki. Mama wa Usambara, mti wa Sierra Nevada, ndugu wa mbali wamekutana Fresno, wekeni muziki. Ila Julai haikuwa imefika.

Julai tulikwenda harusini Sacramento, Ijumaa mpaka Jumapili. Nyuzi 42. Nilikuwa nimemwagilia vizuri kabla ya kuondoka, na nilimwomba mtu apite Jumamosi, akapita. Tuliporudi miche sita ilikuwa imekauka, rangi ya kutu, na udongo kwenye maboksi bado ulikuwa na ubichi. Hilo ndilo lililonishangaza. Maji yalikuwepo! Lakini alasiri za Julai unyevu wa hewa hapa unaweza kushuka chini ya asilimia 20, na hewa kavu ya moto inavuta maji kutoka kwenye majani haraka kuliko mzizi wa urefu wa kidole unavyoweza kuyapandisha. Mche unakufa kwa kiu miguu ikiwa majini. Hakuna ari wala uvumilivu unaosaidia hapo.

Ndiyo maana siutaki ule mfano wa "kama sisi." Naelewa unatoka wapi. Tumekua tukiulizwa mizizi yetu iko wapi, na ni raha kujibu kwamba tunaota popote. Ila sikilizeni mfano huo unasema nini kwa yule ambaye hakuota. Binamu yangu mmoja aliletwa huku akiwa na miaka 15, akaharibikiwa, na nimekaa kwenye sebule nyingi ambamo watu wazima wanasema "mbona wenzake wamefanikiwa?" Wenzake walikuwa na kivuli. Kila mche ninaouona umesimama kwenye mji mkavu, nyuma yake kuna mtu anayeamka saa kumi na moja alfajiri kubeba maji. Kifuniko cha boksi hakimtaji. Sisi pia kwenye kipindi hatukumtaja.

Mitatu ikabaki. Mmoja paka wa jirani aliufanya choo. Mmoja uliacha kukua, ukakaa hivyo miezi, ukafa bila kelele. Uliobaki una miaka mitatu sasa na unafika gotini kwangu. Ni mzuri, sikatai. Ncha za majani ziliwahi kuungua kwa sababu ya chumvi za maji ya bomba, basi majira ya baridi tunakinga maji ya mvua kwenye pipa, na mama anauongezea maji aliyooshea mchele. Kwa ajili ya mche mmoja.

Na ugomvi wetu ni huu. Mama anataka tuupande ardhini, palepale kando ya kisiki. Mimi nasema hapana.

Hoja yangu ni rahisi. Tumeshaona mitatu ikifa mahali pale, tena ilikuwa ya pwani, ambayo bondeni angalau huishi miaka mingi ikipewa maji. Wa milimani ukiupanda huku chini kwenye joto unaandamwa na kuvu inayoitwa Botryosphaeria, inayokausha tawi hili leo, lile mwakani, na mti uliochoka kwa kiu ndio unaoshikwa vibaya. Tutaupa maji kiangazi kizima, kila kiangazi, kwenye bonde ambalo visima vya vijiji vya jirani vimekauka na watu wakaletewa maji ya chupa. Halafu ukame mwingine utakuja, maana unakuja kila mara, siku za kumwagilia zitahesabiwa, na mama atakaa ndani tena asitazame dirishani.

Hoja ya mama ni rahisi vilevile. "Nitaumwagilia."

"Na ukichoka?"

"Utaumwagilia wewe."

Hapo huwa nanyamaza, kwa sababu nimepata kazi Seattle na ninaondoka Oktoba. Anajua. Hatujazungumza hasa kuhusu kuondoka kwangu. Tunazungumza kuhusu mti.

Kuna wasikilizaji watakaoniambia kwamba misekwoya iko hatarini, kwa hiyo kila mche una thamani, pandeni tu. Hatari ni ya kweli. Moto wa Castle wa mwaka 2020 peke yake unakadiriwa kuua asilimia 10 hadi 14 ya misekwoya mikubwa yote iliyoko kwenye makazi yake ya asili, na moto wa 2021 ukaongeza, hadi makadirio ya miaka hiyo miwili yakafika kati ya asilimia 13 na 19. Mti ulioumbwa kuhitaji moto umekutana na moto usiouweza. General Sherman ilibidi ufungwe shina kwa karatasi ya kuzuia moto, kama chakula cha kupeleka safari. Mahali pengine joto lilikuwa kali mpaka koni zenyewe ziliungua, na mwaka 2023 Shirika la Hifadhi za Taifa la Marekani liliamua kupanda miche kwenye baadhi ya sehemu hizo. Wapo waliopinga, wakisema nyika iachwe ijiponye yenyewe. Mimi niko upande wa wanaopanda. Lakini wanapanda juu, palepale theluji inapoanguka, kwa mbegu za mahali pale. Mche wangu kwenye uwanja wa nyumba ya Fresno hauokoi msitu wowote. Wala msifikirie kwenda kuupachika mlimani kimyakimya. Udongo wa kwenye vyungu unabeba magonjwa ya mizizi, na mnaweza kuwapelekea misiba.

Na kama kweli joto linapanda na miti inabidi ihame, basi ihame kuelekea baridi na maji, siyo kuteremka bondeni kutufuata.

Nyie wa Uingereza haya hayawahusu sana. Kwenu misekwoya ilipelekwa tangu 1853, na watafiti wamekadiria kwamba sasa ipo karibu nusu milioni, ya aina zote mbili, mingi kuliko ile mikubwa iliyobaki Sierra Nevada. Mvua mnayoilalamikia ndiyo inayoilea. Ukiwa Leicester na una uwanja, au una mjomba mwenye shamba, otesha. Ila usiuweke karibu na nyumba, maana mti huu haukui kwa adabu.

Wa Muscat na Dubai, nawaonea huruma kusema, acheni. Hata ndani ya nyumba yenye kiyoyozi mche utakosa baridi ya kweli na jua la kutosha, na mtakuwa mnaangalia kifo cha miezi minane. Lakini nyie wa Oman mna kitu ambacho sisi hatuna. Pandeni Jabal Akhdar, juu kule, mtaikuta mireteni, mizee, iliyopinda, inayoishi kwenye mawe na mvua kidogo. Ni ndugu ya mwangati wa mama yangu na ndugu ya msekwoya wangu. Nayo inateseka sehemu za chini za mlima ambako joto limezidi. Kama unatafuta mti wa kuuhangaikia, anza na huo.

Na sisi wa Fresno tuna mwaloni wa bondeni. Unaota hapahapa tangu kabla ya mji, mzizi wake unashuka kutafuta maji ya chini, na tunda lake ukilitupa kwenye chungu mwezi wa kumi na moja linaota bila friji wala maombi. Nimemwambia mama tupande mwaloni kando ya kisiki. Miaka ya mwanzo tutaumwagilia, halafu utajitegemea. Alinisikiliza mpaka mwisho, akasema ni mti mzuri, wa ng'ombe kulala chini yake. Sijui kama ilikuwa sifa.

Kwa hiyo nikiulizwa, je, mtu wa mahali pakavu aoteshe mbegu za msekwoya? Naam, aoteshe. Nisingefanya hivyo nisingelijua neno kinyausi, wala kwamba mama yangu aliwahi kuwa binti wa miaka 19 mwenye matope mpaka kwenye viwiko, anayeweza kuhesabu miche elfu moja asubuhi moja. Aoteshe kwenye chungu, kivulini, akijua mwanzo kwamba yeye ndiye mvua na yeye ndiye theluji, na kwamba siku akienda harusini mvua haitanyesha. Asiutie ardhini mahali ambapo hauna maisha bila yeye, halafu akaondoka. Hilo la mwisho najiambia mwenyewe.

Nilimweleza mama yote haya mwezi uliopita, karibu kwa maneno haya. Nikamwambia pia kwamba Seattle misekwoya imepandwa mpaka katikati ya mji, mvua inainyeshea bure, na kwamba naweza kuuchukua mche kama sheria za kuvusha mimea kati ya majimbo zitaruhusu. (Najua mnachotaka kusema. Msiseme.) Akajibu kwamba mti haupandi gari, akaingia ndani.

Jumapili iliyopita nilimkuta uani, ameinamia ndoo nyeupe ya mafuta ya kupikia, anaitoboa matundu chini kwa bisibisi. Ndefu kuliko boksi la maziwa, nyembamba kuliko pipa. Mchanga ameshaupepeta, umekaa pembeni kwenye ungo wangu wa mchele. Nikamsalimia, akaitika bila kuinua uso. Nikamuuliza kama ndoo ile itaingia nyuma ya kiti cha gari langu.

Akasema ameshaipima.